Darwin naye hakuwa na mpango

Ukishafika miaka ishirini na kitu, kuna swali huwezi kulihepa: unataka kufanya nini na maisha yako? Shangazi atakuuliza Krismasi mkienda ushago. Anayekuhoji kazi atataka kujua unajiona wapi miaka mitano ijayo. Mtandaoni nako watu kibao wanakuhimiza utafute kusudi lako, kana kwamba kusudi ni simu iliyoanguka chini ya kiti cha matatu. Nawe unaogopa kutaja jambo moja, kwa sababu ukilitaja watu watalikumbuka.

Leo basi nakuletea msee mmoja unayemjua kwa sura. Ni yule mzee wa ndevu nyeupe kwenye somo la Historia kidato cha kwanza, Charles Darwin. Mabishano ya nyani yaweke kando kidogo. Mtazame akiwa na umri wako.

Alizaliwa mwaka wa 1809 mjini Shrewsbury, Uingereza. Babake alikuwa daktari mwenye pesa zake. Mamake alifariki Charles akiwa na miaka minane. Mpango wa kwanza ulikuwa wa baba: kijana awe daktari. Akiwa na miaka 16 akapelekwa Chuo Kikuu cha Edinburgh. Siku hizo hakukuwa na nusukaputi. Charles aliingia chumba cha upasuaji, akaona mtoto akikatwa akiwa macho, akatoka mbio. Hakurudi tena chumbani humo, na mwaka wa 1827 akaacha udaktari kabisa.

Lakini angalia alichokuwa akifanya pembeni. Alimlipa John Edmonstone, mtu mweusi aliyewahi kuwa mtumwa kule Guyana, amfundishe kuhifadhi ndege waliokufa wasioze. Ujuzi huo haukuwa kwenye mpango wa mtu yeyote.

Mpango wa pili pia ulikuwa wa baba: udaktari umekataa, basi awe kasisi. Charles akaenda Cambridge. Huko alikimbizana na mbawakawa kuliko vitabu. Siku moja alikuwa ameshika wawili, mmoja kila mkono, akamwona wa tatu. Akamtia mmoja mdomoni ili apate mkono. Mdudu akamwagia ulimi wake maji makali, ikabidi amteme, na yule wa tatu naye akapotea.

Mwaka wa 1831 alimaliza masomo. Mwezi wa nane akapata barua kutoka kwa mwalimu wake wa mimea, Henslow: meli ya HMS Beagle inaenda kuzunguka dunia, na nahodha anataka kijana anayejua mambo ya viumbe na mawe. Mshahara hakuna. Baba akakataa, akaona mtoto anabadilisha njia tena. Mjomba Josiah Wedgwood akamtetea, baba akalegea.

Safari ya miaka miwili ikawa karibu mitano. Charles alitapika baharini toka mwanzo hadi mwisho. Ila ule ujuzi wa Edmonstone ukaanza kulipa. Mwaka wa 1835, visiwani Galápagos, alikusanya ndege wadogo wengi, lakini hakuandika vizuri nani katoka kisiwa kipi. Hakujua alichoshika. Ni mwaka wa 1837, akiwa ameshafika nyumbani, ndipo mtaalamu wa ndege John Gould alipomweleza kwamba wale walikuwa spishi tofauti kabisa. Hapo ndipo Charles alipofungua daftari la siri na kuanza kujiuliza viumbe wanabadilikaje.

Ukiishia hapa utasema: poa, nitulie, kusudi litanipata. Ngoja kwanza.

Charles hakuwa mtu wa kushindwa kuamua kila kitu. Mwaka wa 1838 alichukua karatasi, upande mmoja akaandika faida za kuoa, upande wa pili faida za kutooa. Miezi michache baadaye alimwoa binamu yake Emma. Lakini lile wazo kubwa, kwamba tofauti ndogo zinazomsaidia kiumbe kuishi hurithiwa na kujilimbikiza mpaka aina mpya itokee, lilimtisha. Mkewe alikuwa mcha Mungu, na baadhi ya marafiki zake walikuwa makasisi. Mwaka wa 1842 aliliandika kwa penseli, kurasa 35. Mwaka wa 1844 zikawa zaidi ya 200. Kisha akaziweka, pamoja na barua ya kumwomba Emma azichapishe akifa. Yaani alikuwa tayari wazo litoke yeye akiwa maiti, si akiwa hai.

Baadaye akatumia miaka minane akichunguza vijidudu vya magamba vinavyoganda kwenye mawe na chini ya meli. Wanahistoria bado wanabishana: alikuwa akitafuta ushahidi au alikuwa akiogopa? Mimi naona vyote viwili vilikaa chumba kimoja.

Juni 1858 ikaja barua nyingine, kutoka visiwa ambavyo leo ni Indonesia. Mwandishi alikuwa Alfred Wallace, hasla aliyeacha shule akiwa na kama miaka 14 na kujilisha kwa kuuza wadudu na ndege. Wazo lake lilikuwa lile lile. Siku hizo hizo mtoto mdogo wa Darwin alikuwa mahututi, na akafariki Juni 28. Julai 1, kwa mpango wa marafiki zake, kazi za wote wawili zilisomwa mbele ya Linnean Society, London. Darwin akaketi akaandika. Novemba 24, 1859, kitabu chake kuhusu asili ya spishi kikatoka, na nakala zote za kuuzwa tayari zilikuwa zimeagizwa na wauzaji. Alikuwa na miaka 50.

Sasa tuseme ukweli. Darwin aliweza kungoja miaka 20 kwa sababu pesa za baba zilikuwepo. Mimi niliacha chuo, kwa hivyo hadithi kama hizi huzisoma nikitafuta mtu alipata wapi kodi ya nyumba. Wallace hakuwa na baba wa kumlipia, na ndiye aliyetuma barua.

Kwa hivyo hofu ni mbili, usizichanganye. Kutojua unakoenda si aibu. Darwin akiwa na miaka 22 hakujua, ila alichokipenda alikifanya kwa bidii hata kama ni wadudu. Hofu ya pili ni ya mtu anayejua tayari, ila kazi yake ameifungia. Kama ni wewe, mwambie mtu mmoja wiki hii na umpe tarehe ya kuiona. Hata ikiwa kurasa ni 35 tu, za penseli.