Bibi Caroline Haslett: Fundi Aliyeshika Kalamu

Katika nyumba nyingi za Dar es Salaam, Mombasa na Kampala, chini ukutani, ipo soketi ya umeme yenye matundu matatu: moja juu na mawili chini. Mtoto anayetambaa akijaribu kutia msumari katika yale mawili ya chini, hukuta yamezibwa kwa ndani. Hayafunguki mpaka ule mguu mrefu wa plagi uingie kwanza katika tundu la juu. Twachomeka pasi na redio kila siku, wala hatuulizi ni nani aliyemfikiria mtoto huyo. Mmoja wa waliomfikiria alikuwa mwanamke wa Uingereza, binti wa fundi wa reli, aliyeanza kazi katika kampuni ya maboila, akawa mhariri wa gazeti, na mwishowe akaketi katika halmashauri iliyoongoza umeme wa taifa. Jina lake ni Caroline Haslett. Maisha yake yafaa kusomwa na kila mfanyakazi, maana yaonyesha kwamba ufundi ukikaa mikononi mwa wachache huwa mali yao, bali ukielezwa kwa lugha ya watu wote huwa ngao ya watu wote.

Alizaliwa tarehe 17 Agosti 1895 katika kijiji cha Worth, jimbo la Sussex, kusini mwa Uingereza. Baba yake, Robert Haslett, alikuwa fundi wa ishara za reli, yaani zile alama zinazomwambia dereva wa gari moshi apite au asimame. Tena alikuwa mpiganiaji wa vyama vya ushirika. Basi mtoto alikulia katika nyumba ambamo mambo mawili yaliheshimiwa: chombo kinachofanya kazi barabara, na watu wanaoungana ili kusaidiana. Mambo hayo mawili yaliambatana naye maisha yake yote.

Alipomaliza shule alikwenda London, na mwaka 1914 akapata kazi ya ofisini katika kampuni ya Cochran, watengenezaji wa maboila. Siku zile mwanamke wa Uingereza alikuwa hana kura, na Caroline alikuwa miongoni mwa wanawake vijana waliojiunga na madai ya haki hiyo. Mwaka huo huo Vita Kuu ya Kwanza ikaanza. Wanaume kwa maelfu wakaitwa jeshini, na wanawake wakaingizwa viwandani, wakakereza chuma, wakatengeneza mizinga, wakaendesha mitambo ambayo jana yake waliambiwa kuwa akili zao haziwezi kuielewa. Caroline hakuridhika kuandika barua za maboila asiyoyajua. Akaomba atolewe mezani, apelekwe karakanani. Akakubaliwa, akaenda katika kiwanda cha kampuni hiyo huko Annan, Scotland, akajifunza uinjinia wa jumla na wa umeme.

Vita vilipokwisha mwaka 1918, shukrani za wanawake wale zilikuwa fupi. Mwaka 1919 Bunge la Uingereza lilipitisha sheria ya kurudisha desturi za kazi zilizokuwako kabla ya vita. Yatupasa kusema kweli hata ikiwa chungu: sheria hiyo haikuletwa na matajiri peke yao. Vyama vya wafanyakazi wa ufundi ndivyo vilivyokuwa vimeahidiwa jambo hilo tangu mwaka 1915, navyo vilidai ahadi itimizwe. Vilikuwa na hofu ya haki, maana matajiri walikuwa wamezoea kumlipa mwanamke mshahara mdogo ili waupunguze na wa mwanamume. Lakini dawa waliyoichagua ilikuwa mbaya. Badala ya kudai kazi sawa kwa mshahara sawa, walifunga mlango, na aliyebaki nje alikuwa mfanyakazi mwenzao.

Tarehe 23 Juni 1919, wanawake saba, miongoni mwao Bibi Katharine Parsons na binti yake Rachel, walianzisha Chama cha Wanawake Mainjinia ili kupinga hali hiyo. Walitangaza kuwa wanatafuta katibu, mwanamke mwenye uzoefu wa kiwanda. Caroline Haslett akajibu tangazo, akachaguliwa. Alikuwa na umri wa miaka 23.

Hapa ndipo njia yake ilipogeuka. Mwenye kutazama juujuu atasema kwamba aliuacha ufundi akaenda kukalia kiti. Lakini tupime jambo hili kwa mizani ya haki. Kama angebaki karakanani, Uingereza ingalikuwa na injinia mwanamke mmoja zaidi, naye angaliweza kufukuzwa siku yoyote. Alichokichagua ni kazi ya kuufungua mlango ili wengi wapite. Chombo chake cha kwanza kilikuwa gazeti la chama, The Woman Engineer, lililoanza kutoka mwezi Desemba 1919, naye akiwa mhariri wake wa kwanza. Alilihariri mpaka mwaka 1932.

Wako wanaodhani kuwa gazeti ni maneno matupu. Na watafakari hali ya msichana aliyekuwa peke yake katika kiwanda cha mbali, akichekwa na mafundi na kupuuzwa na msimamizi. Msichana huyo hakujua kwamba katika mji mwingine yuko mwenzake anayekereza chuma, na katika mwingine yuko mwenzake anayechora ramani za mitambo. Gazeti lilipomfikia, alijua kwamba hayuko peke yake. Humo zilisomwa habari za mitambo mipya, za mafunzo, na za wanawake waliofaulu. Haba na haba hujaza kibaba: toleo baada ya toleo, watu waliotawanyika wakawa jamii yenye sauti.

Mwaka 1924 ulileta kazi ya pili, iliyo kubwa zaidi. Injinia mmoja mwanamke, Bibi Mabel Matthews, alikuwa na wazo kwamba wanawake wa nyumbani wafundishwe matumizi ya umeme. Alikuwa amelipeleka wazo hilo kwa wakubwa wa taaluma na wa biashara ya umeme, wakalikataa. Alipomfikia Caroline Haslett, yeye aliona mara moja kilichomo ndani yake. Mwezi Novemba mwaka huo kikaanzishwa Chama cha Umeme cha Wanawake, naye akawa mkurugenzi wake wa kwanza. Kiti hicho alikishika hadi mwaka 1956.

Msomaji atauliza kwa nini mwanamke aliyepigania nafasi viwandani aligeukia majiko na pasi. Jibu lake limo katika maisha ya mke wa mfanyakazi wa zamani zile. Huyo aliamka kabla ya jua, akabeba makaa ya mawe, akawasha moto, akafuta masizi, akachemsha maji, akafua kwa mikono, akapiga pasi ya moto wa jikoni. Kisha kesho yake akayaanza yote upya. Hakuwa na saa ya kiwandani ya kumwambia kazi imekwisha, wala chama cha kumtetea, wala mshahara. Caroline Haslett aliona kwamba haina maana kumwambia mwanamke asome, apige kura au ahudhurie mkutano, ikiwa mgongo wake umevunjwa na kazi ambayo waya mmoja ungeweza kuifanya. Kwake umeme haukuwa anasa. Ulikuwa njia ya kumrudishia mtu saa zake.

Akaifanya kazi hiyo kwa mbinu alizokwisha kuzijua. Chama kilitoa gazeti lake, kilifungua matawi, kilitoa mafunzo na mihadhara, na mwaka 1934 kilitoa kitabu cha mafunzo ya umeme kwa wanawake, ambacho yeye ndiye alikihariri. Mwaka 1935, katika mji wa Bristol, wanachama walionyesha nyumba iliyoendeshwa yote kwa umeme, ili watu waone kwa macho na si kwa kusikia. Mwanamke alifundishwa kusoma mita, kuelewa fyuzi, na kumwuliza fundi swali lenye maana.

Hata hivyo haifai kumsifu mtu mpaka tukafunika upungufu. Wanachama wengi walikuwa wanawake wenye nafasi. Mke wa mchimba makaa, ambaye mumewe ndiye aliyechimba makaa ya kuzalisha umeme, mara nyingi alikuwa hana hata taa ya umeme nyumbani kwake, sembuse mashine ya kufulia. Na makampuni ya umeme yalifaidika na kazi ya chama, kwa kuwa kila mwanamke aliyefundishwa alikuwa mteja mpya. Tena, kumrahisishia mke kazi za nyumbani si sawa na kumshirikisha mume kazi hizo. Haya yote ni kweli. Lakini ni kweli pia kwamba maarifa, yakishatolewa, hayakai pale alipokusudia mwenye kuyalipia.

Ushahidi wake ulikuja wakati wa Vita Kuu ya Pili. Mwaka 1942 iliundwa kamati ya wataalamu 20 kufikiri namna nyumba za baada ya vita zitakavyotiwa umeme. Mwanamke katika kamati hiyo alikuwa mmoja tu, Caroline Haslett. Taarifa yao ya mwaka 1944 ilitaka soketi ya aina moja kwa nchi nzima, yenye kizibo cha ndani ili mtoto mdogo asidhurike. Mwaka 1947 kipimo rasmi kikatangazwa, nacho kikapewa namba BS 1363: plagi ya miguu mitatu ya mraba, yenye fyuzi ndani yake, na mguu wa ardhi mrefu kuliko mingine. Ilikuwa kazi ya watu wengi. Ila katika meza ile yeye ndiye aliyekuwa amekaa miaka 20 akisikiliza matatizo ya wenye nyumba. Plagi hiyo ndiyo iliyofika Afrika Mashariki, nayo ndiyo tunayoitumia hata leo.

Kwa ajili hiyo inasikitisha kuona tunavyoivunja kazi ya watu hao. Mtu ana chaja ya miguu miwili, basi huchukua kijiti au kalamu akakisukuma katika tundu la juu ili kizibo kifunguke. Mwingine hununua plagi hafifu isiyo na fyuzi. Fundi mvivu huuacha waya wa ardhi ukining'inia, akasema taa inawaka, yatosha. Kila mmoja wa hawa amekiondoa kile kilichowekwa kwa makusudi kati ya moto na mtoto wake mwenyewe.

Mwaka huo wa 1947 ulikuwa kilele cha maisha ya Bibi Haslett. Serikali ya Uingereza iliamua umeme uwe mali ya taifa, ikaunda Halmashauri ya Umeme ya Uingereza, iliyoyapokea makampuni na mitambo tarehe 1 Aprili 1948. Mwenyekiti wake alikuwa Walter Citrine, ambaye mwenyewe alikuwa fundi umeme kabla ya kuwa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi. Mwanamke wa kwanza kuteuliwa katika halmashauri hiyo alikuwa Caroline Haslett. Mwaka huo huo alipewa heshima ya Dame, na baadaye meli moja ya kubeba makaa ya mawe ya vituo vya umeme ikapewa jina lake. Binti wa fundi wa ishara akaketi pamoja na fundi umeme, wakiongoza nguvu za taifa. Wala hakuna aliyeweza kusema kwamba hawaijui kazi.

Alifariki tarehe 4 Januari 1957, akiwa na umri wa miaka 61. Katika wasia wake aliomba mwili wake uchomwe kwa umeme, nao ukachomwa hivyo. Aliyewahubiria watu chombo kimoja maisha yake yote hakutaka kukiacha hata saa ya mwisho.

Basi na tujiulize sisi. Leo wasichana wetu wanasoma ufundi wa umeme na wa mitambo, na wengine wanashinda kwa alama nzuri. Je, wakifika karakanani wanapewa bisibisi au wanatumwa chai? Chama cha wafanyakazi kinachonyamaza juu ya jambo hilo kinarudia kosa la mwaka 1919, nacho kitajidhoofisha chenyewe, kwa maana tajiri hufurahi kuwaona wafanyakazi wamegawanyika. Nao mafundi wetu wenye ujuzi, wake kwa waume, wana deni jingine. Ujuzi usioelezwa ni taa iliyofunikwa kwa pishi. Fundi anayejua kwa nini waya wa ardhi ni lazima, na aandike. Na aseme katika mkutano wa tawi, katika baraza la kijiji, katika darasa la watu wazima, kwa Kiswahili ambacho mama wa nyumbani atakielewa. Kazi hiyo haipunguzi heshima ya ufundi wake, ndiyo inayoukamilisha.