Siti binti Saad na Mzigo wa Sauti Moja

Mtu aimbaye peke yake mbele ya hadhara hubeba mzigo usiogawika. Pumzi ikimkatikia hapana mwenziwe wa kumpokea, na akisahau ubeti ukumbi mzima hujua. Ndiyo maana leo tumeona ni wajibu wetu kumkumbuka Siti binti Saad, aliyeubeba mzigo huo visiwani humu kwa heshima kubwa.

Alizaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, katika nyumba ya wakulima maskini, akaitwa Mtumwa. Mama yake alifinyanga vyungu, naye akavitembeza akivinadi. Kunadi huko kulimkomaza sauti, kwani mchuuzi asiyesikika hurudi na mzigo wake nyumbani.

Mwaka 1911 alihamia mjini. Ali Muhsin alimfundisha kuimba, kisha akaungana na mafundi kama Subeti bin Ambari, Buda bin Mwendo na Mbaruk Effandi Talsam. Wao walishika ala. Yeye ndiye aliyekabili macho ya watu na lawama zao. Wapo waliomkejeli kwa ushamba, kwa kaniki yake na kwa sura yake. Hakutukana, alijibu kwa kuimba. Na taarabu, ambayo katika kasri ya Sultani ilikuwa ikiimbwa kwa Kiarabu, akaiimba kwa Kiswahili, hata wanyonge wa Ng'ambo wakayasikia humo mambo yao, pamoja na dhuluma za mahakama.

Mwaka 1928 alikwenda Bombay na wenzake kutia nyimbo katika santuri. Upande mmoja wa santuri za siku hizo ulichukua kama dakika tatu tu. Mwimbaji aliyezoea kuurefusha wimbo kwa kadiri ya furaha ya wasikilizaji alilazimika kuukatiza, tena mbele ya chombo kisichoshangilia. Aliliweza hilo, na santuri zake zikaenea pwani nzima.

Alifariki tarehe 8 Julai, 1950, na Shaaban Robert akaandika wasifu wake.

Tusidhani, hata hivyo, kwamba kipaji pekee kilitosha. Kidole kimoja hakivunji chawa. Nyuma ya sauti ile walikuwapo mwalimu mwenye subira, wapigaji waaminifu na jirani waliomfungulia milango. Basi wenye dhamana ya utamaduni wasiridhike kulitaja jina la Siti katika sherehe. Wamtafute binti wa shamba mwenye sauti, wampatie mwalimu, na wamlipe haki yake angali hai.