Pearlman, Mwalimu wa Biblia Nzima

Jumapili niliahidi kuwaeleza huyu Pearlman ninayemtaja kila mara darasani ni nani hasa.

Myer Pearlman alizaliwa mwaka 1898 mjini Edinburgh, Scotland, katika familia ya Kiyahudi. Mwaka 1915 alihamia New York. Akawa mwanajeshi wa Marekani wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, na baada ya vita akaokoka San Francisco, katika kanisa la Kipentekoste la Glad Tidings. Myahudi kumkiri Yesu kuwa Masihi, jamani, si jambo dogo! Akajiunga na chuo cha Biblia cha Assemblies of God kule Springfield, Missouri. Alipohitimu mwaka 1925 hawakumwachilia, akabaki hapo hapo kuwa mwalimu.

Mwaka 1935 alitoa kitabu cha kuipitia Biblia yote, Mwanzo hadi Ufunuo. Njia yake ni nyepesi. Kabla hujashika mstari, shika kitabu kizima: kinahusu nini, nani aliandika, kinachukua kipindi gani, kimepangwa vipi. Halafu ufungue Biblia yako mwenyewe usome sura zenyewe.

Hapo ndipo aliponikamata. Kwa miaka mingi nilibandika Yeremia 29:11 ukutani, hapa hapa Bofu. Niliutumia kuombea kazi, karo, kiwanja. Mwezi ukipita bila jibu, namuuliza Mungu nimekosa nini. Siku nilipoisoma sura nzima, nilinyamaza. Kumbe ni barua kwa mateka walioko Babeli! Wanaambiwa wajenge nyumba, wapande bustani, waoze watoto wao, na wauombee mji ule ule uliowateka. Kurudi nyumbani ni baada ya miaka 70. Maana yake wengi waliosomewa barua ile walizikwa ugenini. Ahadi ni ya kweli, lakini mimi nilikuwa nimeichomoa kwenye barua yake. Kiwanja bado sijapata. Ila nimepanda mchicha nyuma ya nyumba ya kupanga.

Pearlman mwenyewe alifariki mwaka 1943, akiwa na miaka 44 tu. Alifundisha, akahubiri, akaandika masomo ya Shule ya Jumapili bila kupumzika, mpaka mwili ukakataa. Hilo nalo watumishi tuliangalie.

Jumatano tunaanza Yona. Ni sura nne tu, zisome zote kabla hujaja.