Ken Saro-Wiwa, mcheshi aliyenyongwa na majenerali

NOVEMBA 10, 1995, serikali ya kijeshi ya Jenerali Sani Abacha ilimnyonga mwandishi Ken Saro-Wiwa na wenzake wanane mjini Port Harcourt, kusini mwa Nigeria. Kabla ya hapo, Wanigeria wengi walimfahamu kama mtu wa kuwachekesha.

Saro-Wiwa alizaliwa mwaka wa 1941 mjini Bori, katika nchi ya Waogoni, jamii ndogo ambayo ardhi yake ilijaa mafuta. Vita vya Biafra vilipozuka mwaka wa 1967, aliunga mkono serikali kuu, akateuliwa msimamizi wa mji wa bandari wa Bonny.

Miaka 15 baada ya vita hivyo kwisha, alichapisha riwaya ya Sozaboy. Mhusika wake, Mene, ni utingo wa lori anayejiunga na jeshi kwa kuvutiwa na sare, tena apate kumpendeza mkewe. Vitani hajui adui ni nani wala wanapigania nini. Askari mmoja humkuta leo upande huu na kesho upande ule. Kambini mwa wakimbizi, chifu na mhubiri wanaiba chakula cha msaada. Mene anaporejea kijijini, mama na mkewe wameuawa kwa bomu, nao majirani wanamkimbia wakidhani ni mzimu. Msomaji huanza kwa kucheka, kisha kicheko humkwama kooni.

Mwaka huo huo wa 1985, runinga ya taifa ilianza kuonyesha mchezo wake, Basi and Company. Shujaa wake hafanyi kazi, ila kila wiki hubuni hila ya kuwa milionea. Watazamaji walicheka, wakijua wakubwa waliotajirika kwa njia hiyo hiyo.

Maadamu kejeli haikumtaja mtu, watawala walivumilia. Mambo yaligeuka alipoacha mzaha na kudai waziwazi haki ya Waogoni dhidi ya serikali na kampuni ya Shell. Januari 4, 1993, watu wapatao 300,000 waliandamana.

Mwaka wa 1994, viongozi wanne wa Kiogoni waliuawa na umati. Saro-Wiwa alishtakiwa kwa kuchochea mauaji hayo, ingawa hakuwapo, na kuhukumiwa na mahakama maalumu. Mashahidi wawili wa upande wa mashtaka walikula kiapo kwamba walikuwa wamehongwa. Hukumu haikubadilika.

Mwaka wa 2009, Shell ililipa familia za waathiriwa dola milioni 15.5 huku ikikana kosa lolote. Juni 2025, Rais Bola Tinubu alimtunukia nishani na kumsamehe. Watetezi wake walilalamika kwamba msamaha hupewa mkosaji, ilhali yeye hakukosa. Kichekesho cha namna hiyo kingefaa kabisa katika vitabu vyake.