HUDHAIFA BIN AL-YAMAN: Maana ya Jina Lake na Habari za Maisha Yake

Katika majina ya Kiarabu ambayo Waislamu huwapa watoto wao, Hudhaifa si jina la kusikika kila siku. Kina Muhammad na Ahmad na Ali hawana idadi, lakini mtu aweza kusali katika msikiti mmoja umri wake wote asisimame safu moja na Hudhaifa. Wahindi hulitamka Huzaifa, kwa kuwa herufi ya dhal katika ndimi zao huwa zai. Nalo ni jina lile lile.

Ama maana yake katika lugha, asili yake ni hadhaf, nao ni kondoo wadogo weusi wenye manyoya haba, wa nchi ya Hijazi, na wengine wamesema wa Yaman. Hudhaifa ni neno la kudogosha, kama kusema kikondoo. Kondoo hawa wametajwa katika hadithi, pale Mtume (s.a.w.) alipoamrisha safu za sala zishikamane, akaeleza kuwa shetani huingia katika nafasi zilizoachwa wazi kama waingiavyo kondoo hao wadogo. Huenda baba aliyefungua kamusi akitafuta maana ya simba au upanga akavunjika moyo kwa kuona haya. Lakini Waarabu wa kale hawakuona aibu kwa majina ya wanyama: walimwita mtoto Asad, yaani simba, na wakamwita mwingine Kilab, yaani mbwa, na mwingine Jahsh, yaani mwana wa punda, na hao wakawa mabwana wa kabila zao. Na Mtume alipokuwa akibadili majina, alibadili yale yenye maana mbaya, kama alivyombadili mwanamke aliyeitwa Asiya, kwa herufi ya ain, maana yake muasi, akamwita Jamila. Jina la Hudhaifa hakuligusa.

Kabla ya Uislamu, aliyevuma kwa jina hili alikuwa Hudhaifa bin Badr, mkuu wa Bani Fazara, katika vita vya Dahis na Ghabra. Vita hivyo vilizuka baina ya Abs na Dhubyan kwa sababu ya mashindano ya farasi, vikala watu miaka mingi, na Hudhaifa huyo akauawa na watu wa Abs. Basi tazama ajabu ya mambo: Hudhaifa aliyelifanya jina hili liheshimiwe na Waislamu wote alitoka katika kabila hilo hilo la Abs, na akapewa jina la adui wa wazee wake. Wala asichanganywe na Abu Hudhaifa bin Utba, naye ni Mkuraishi, aliyekufa shahidi katika vita vya Yamama zama za Sayyidna Abubakar.

Baba yake aliitwa Husail bin Jabir. Huyu alimwaga damu katika kabila lake la Abs, akakimbilia Yathrib, mji ambao baadaye uliitwa Madina, akafanya mapatano ya kulindwa na Bani Abdil-Ash-hal, akaoa kwao mwanamke aliyeitwa Rabab. Kwa kuwa watu hao asili yao ni Yaman, jamaa zake walimtania kwa kumwita al-Yaman, na jina la utani likalifunika jina lake la haki. Kwa hivyo Hudhaifa hajulikani kwa jina la baba yake, ila kwa jina ambalo baba alilipata kwa kukimbia kisasi.

Waliposilimu, baba na mwana walikuwa safarini kuelekea Madina siku zile Makuraishi walipokuwa wakijitayarisha kwa vita vya Badr, mwaka wa 2 wa Hijra (624). Makuraishi wakawakamata njiani, wakawatuhumu kuwa wanakwenda kumsaidia Muhammad. Wakajibu kuwa wanakwenda Madina tu. Hawakuachiliwa mpaka walipotoa ahadi ya Mwenyezi Mungu kuwa hawatapigana pamoja naye. Walipomfikia Mtume wakamweleza habari yote. Waislamu siku hiyo walikuwa mia tatu na kidogo, na maadui karibu ya elfu. Watu wawili wenye silaha hawakuwa kitu kidogo. Na ahadi yenyewe ilitolewa kwa makafiri, tena kwa nguvu. Juu ya hayo Mtume akawaamrisha waitimize, akasema kuwa msaada dhidi ya maadui utaombwa kwa Mwenyezi Mungu. Hii ndiyo sababu jina la Hudhaifa halimo katika watu wa Badr, na kukosekana kwake hapo ni sifa yake.

Mwaka uliofuata, mwaka wa 3 (625), vilikuwa vita vya Uhud. Husail alikuwa mzee sana, akaachwa ndani ya ngome pamoja na wanawake na watoto, yeye na mzee mwenziwe Thabit bin Waqsh. Wazee hawa wakaona umri uliobaki si wa kuwekea akiba, wakachukua panga zao wakatoka, wakajitosa vitani bila ya watu kujua. Walifika wakati mbaya. Wapiga mishale walikuwa wameacha kilima walichoamriwa kukilinda, farasi wa Khalid bin al-Walid wakazunguka wakaja kwa nyuma, safu zikavurugika, Waislamu wa mbele wakawageukia wa nyuma kwa kudhani ni maadui. Thabit aliuawa na washirikina. Ama Husail, panga zilizomwangukia zilikuwa za Waislamu wenzake.

Hudhaifa alimwona. Akapiga kelele kuwa huyo ni baba yake, na kelele ikapotea katika mshindo wa vita. Walipozinduka mzee alikuwa amekwisha kufa. Wakaapa kuwa hawakumjua, nao walisema kweli. Hapa Hudhaifa, kijana wa kabila la Abs, ambalo kwa kisasi cha mbio za farasi lilipigana miaka mingi, na mtoto wa mtu aliyekimbia kwao kwa sababu ya damu, alisimama mbele ya maiti ya baba yake na wauaji wake. Hakufanya zaidi ya kuwaombea msamaha kwa Mwenyezi Mungu. Mtume akataka amlipe diya, nayo ni haki yake kwa sharia. Hudhaifa akaitoa sadaka kwa Waislamu. Wapokezi wamesema kuwa athari ya kheri ya siku ile haikumtoka mpaka alipokufa.

Miaka miwili baadaye, mwaka wa 5 (627), makabila kadiri ya watu elfu kumi yakauzingira mji wa Madina, na baina yao na Waislamu pana handaki. Usiku mmoja ukavuma upepo wa baridi kali, na kiza kikawa kizito hata mtu haoni kidole chake. Mtume akauliza ni nani atakayekwenda kumletea habari za jeshi la maadui, naye atakuwa pamoja naye siku ya Kiyama. Hakusimama mtu. Akarudia mara ya pili na ya tatu, na watu kimya, kwa njaa na hofu na baridi. Hawa ndio Masahaba, na Hudhaifa mwenyewe alikuwamo katika walionyamaza. Yeye ndiye aliyeisimulia habari hii baadaye wala hakujitoa katika aibu yake. Kisha Mtume akamtaja kwa jina lake. Ndipo akasema kuwa hakuwa na budi tena ila kusimama. Akaamrishwa alete habari tu, asiwachokoze maadui kwa lolote.

Akatoka, na alipokwenda akajiona kama atembeaye ndani ya hamamu ya maji ya moto. Akaingia katikati ya kambi, upepo ukizipindua sufuria na kuzima mioto na kung'oa mahema. Akamwona Abu Sufyan akiota moto mgongoni, naye ndiye mkuu wa jeshi lote. Hudhaifa akaweka mshale katika upinde, na kama angelitupa angelimpata. Kisha akakumbuka alivyoamrishwa, akaurudisha mshale mahali pake. Abu Sufyan aliposhuku kuwa huenda pana mgeni, akawataka watu kila mmoja amjue aliye ubavuni pake. Hudhaifa akawahi yeye kumshika mkono jirani yake na kumwuliza ni nani, kabla hajaulizwa. Akasikia kwa masikio yake amri ya kuondoka. Aliporudi na kutoa habari, baridi ikamrudia akatetemeka, Mtume akamfunika kwa ncha ya nguo aliyokuwa akisalia, akalala mpaka alfajiri, akaamshwa kwa maneno ya mzaha. Laiti angeliutupa mshale ule, huenda jeshi lililokwisha kukata tamaa lingelikaa kutaka kisasi.

Hudhaifa alikuwa na tabia moja iliyomtenga na wenziwe katika elimu. Watu walikuwa wakimwuliza Mtume juu ya mambo ya kheri, naye alikuwa akiuliza juu ya shari, kwa kuogopa isimpate asiijue. Kwa hivyo hadithi nyingi za fitna na za mambo yatakayotokea zimepokewa kwake. Na katika kurudi Tabuk, mwaka wa 9 (630), kundi la wanafiki lilijifunika nyuso usiku likataka kumwangusha Mtume katika njia nyembamba ya mlimani. Hudhaifa na Ammar bin Yasir ndio waliokuwa na ngamia wake. Mtume akamtajia Hudhaifa majina ya wanafiki, akamwamrisha ayafiche.

Hii ndiyo siri aliyoitwa kwayo mwenye siri ya Mtume. Na uzito wake haukuwa mwepesi kuliko wa upanga. Aliishi baada ya hapo zaidi ya miaka ishirini, akiwaona baadhi ya watu hao sokoni na msikitini, wakisalimiwa na kuheshimiwa, wakizaa na kuoza, naye anajua. Hakumtaja mmoja. Sayyidna Umar, alipokuwa Khalifa na neno lake linatisha wafalme, alikuwa akifa mtu humtazama Hudhaifa. Akihudhuria kumsalia maiti, naye humsalia, na asipohudhuria, Umar naye hahudhurii. Hata siku moja Umar akamwuliza kwa Mwenyezi Mungu kama yeye mwenyewe ni katika waliotajwa. Akamjibu kuwa siye, na kuwa hatamtakasa mtu mwingine baada yake. Basi aliyeuliza swali hili ni mtu aliyebashiriwa pepo, na wako watu wasiobashiriwa kitu ambao halijawapitia moyoni hata siku moja.

Katika mwaka wa 17 (638) yeye na Salman al-Farisi walikuwa katika waliochagua mahali pa kujenga mji wa Kufa, kwa kuwa hewa ya Madain haikuwafaa Waarabu. Na katika vita vya Nihawand, mwaka wa 21 (642), alipouawa mkuu wa jeshi Nuuman bin Muqarrin, Hudhaifa ndiye aliyeishika bendera, na ushindi ukapatikana. Huo ndio ulioivunja dola ya Waajemi.

Umar akamfanya liwali wa Madain, uliokuwa mji wa enzi ya Kisra. Wakubwa wa mji wakatoka kumlaki, wakitaraji farasi na watumishi. Akawapita mtu aliyepanda punda, miguu yote miwili upande mmoja, mkononi ana mkate na kipande cha nyama anakula. Wakaendelea kungoja, mpaka walipoambiwa kuwa liwali ndiye yule aliyekwisha kupita. Barua ya Umar iliwaamrisha wampe atakachotaka. Alichotaka ni chakula chake na malisho ya punda wake. Siku Umar alipomwita Madina, akamwotea njiani apate kuona kama ukubwa umembadilisha; akamwona amepanda kama alivyoondoka, akatoka akamkumbatia.

Zama za Sayyidna Uthman alikuwa katika vita vya Armenia na Azerbaijan, karibu na mwaka wa 25 (645 au 646), pamoja na majeshi ya Sham na ya Iraki. Akawasikia wakigombana kwa visomo vya Qurani, kila kundi likidai kuwa chake ndicho bora. Mtu huyu aliyezoea kuitafuta shari kabla haijafika alifadhaika, akaenda kwa Uthman akamtaka auwahi umma kabla haujahitilafiana katika Kitabu chake kama walivyohitilafiana Mayahudi na Wanasara. Uthman akazitaka zile kurasa zilizokuwa kwa Bibi Hafsa, akamwamrisha Zaid bin Thabit na Makuraishi watatu, nao ni Abdallah bin Zubair, Said bin al-As na Abdurrahman bin al-Harith, wazinakili, kisha nakala zikapelekwa kila upande. Msomaji afunguapo msahafu leo, awe Lamu au Istanbul au Jakarta, na akasoma maneno yale yale, na akumbuke kuwa aliyepanda ngamia kuja kuonya alikuwa Hudhaifa.

Aliugua Madain, na habari ya kuuawa kwa Uthman ikamkuta huko. Hakuishi baada yake ila kadiri ya siku arubaini, akafa mwanzo wa mwaka wa 36 (656). Wanawe wawili, Safwan na Said, imepokewa kuwa waliuawa mwaka wa 37 (657) huko Siffin wakiwa upande wa Sayyidna Ali. Alipokuwa katika kufa waliletewa sanda ya bei kubwa, akaikataa. Akataka nguo mbili nyeupe, akasema kuwa hazitakaa naye ila kidogo, kisha atabadilishiwa kwa zilizo bora au zilizo mbaya zaidi.

Alizikwa huko huko Madain. Kaburi lake lilikuwa karibu na mto Tigris, na katika karne ya 20 likahamishwa kwa kuogopewa maji ya mto, likawekwa karibu na la Salman al-Farisi, katika mji ambao sasa huitwa Salman Pak, kusini ya Baghdad. Juu ya kuhamishwa huko zimeenezwa hadithi nyingi za ajabu, na si zote zinazothibiti.