Amos Alonzo Stagg: Kutoka Teolojia Hadi Uwanjani

Mtu akiacha seminari, kwetu maneno huanza kabla sanduku lake halijafika getini. Atahurumiwa na wengine, na wengine watamhesabu kuwa amepotea njia. Ndiyo sababu napenda kumsimulia Amos Alonzo Stagg, Mmarekani wa Kanisa la Kipresbiteri, aliyeacha masomo ya teolojia akawa kocha wa vyuo kwa karibu miaka 70.

Alizaliwa 16 Agosti 1862 huko West Orange, New Jersey, katika familia maskini. Baba yake alikuwa fundi viatu. Alikwenda Chuo Kikuu cha Yale akitaka kuwa mchungaji. Pale alivuma kama mrushaji wa mpira katika besiboli, hata timu za kulipwa zikamtaka. Alizikataa. Mwaka 1889 aliteuliwa pia katika kikosi cha kwanza kabisa cha wachezaji bora wa futiboli ya Kimarekani.

Lakini kuhubiri kulimshinda. Akisimama mbele ya watu maneno hayakuja, naye akaona kwamba mimbari si mahali pake. Sisi tunaofanya mazoezi ya homilia mbele ya wenzetu tunaijua hofu hiyo. Jambo ninaloliheshimu kwake ni kwamba aliacha masomo bila kuacha kusudi lililompeleka huko: kulea vijana. Mwaka 1890 alihamia chuo cha YMCA cha Springfield, Massachusetts. Huko alikuwa na mwenzake James Naismith, naye msomi wa teolojia, ambaye Desemba 1891 alibuni mpira wa kikapu. Katika mechi ya kwanza mbele ya watazamaji, Machi 1892, wanafunzi waliwafunga walimu 5 kwa 1. Bao hilo moja la walimu alilifunga Stagg.

Mwaka huohuo William Rainey Harper, aliyewahi kumfundisha Yale, alimwita katika Chuo Kikuu kipya cha Chicago. Alimpa nafasi ya mwalimu mwenye ajira ya kudumu, heshima ambayo makocha hawakuwa nayo. Alikaa miaka 41. Alifundisha futiboli, besiboli, riadha, na kwa msimu mmoja mpira wa kikapu. Na mwaka 1924 alikuwa miongoni mwa makocha wa riadha wa Marekani katika Olimpiki ya Paris. Mkewe Stella, aliyemwoa 1894, alikaa jukwaani akichora jinsi wapinzani walivyojipanga. Mwaka 1905 timu yake ya futiboli haikufungwa hata mechi moja.

Tusimfanye mtakatifu, hata hivyo. Mwaka huohuo wa 1905 gazeti la Collier's liliandika kwamba vyuo, Chicago kikiwemo, vilipokea wachezaji wasioweza masomo ili vishinde. Nyota wake Walter Eckersall aliondoka bila shahada. Ni vigumu kudai unalea mtu mzima huku ukimtumia miguu tu, na sioni utetezi wa kutosha hapa.

Alipofika miaka 70, rais mpya wa chuo, Robert Hutchins, alimstaafisha. Alipewa kazi nyingine isiyo ya ukocha, akaikataa. Mwaka 1933 alihamia College of the Pacific, chuo kidogo cha Stockton, California, akaanza upya na vijana ambao wangeweza kuwa wajukuu zake. Mwaka 1943, akiwa na miaka 81, makocha wenzake walimchagua kuwa kocha bora wa mwaka. Chicago nao walikuwa wameshafuta futiboli tangu 1939, na chini ya majukwaa ya uwanja uliobeba jina lake Enrico Fermi aliendesha mnyororo wa kwanza wa nyuklia, 2 Desemba 1942.

Kuanzia 1947 alimsaidia mwanawe, Amos mdogo, katika Chuo Kikuu cha Susquehanna, Pennsylvania. Wazee wengi huona aibu kufanya kazi chini ya mtoto wao, yeye alikwenda. Afya ya Stella ilipodhoofika alibaki naye Stockton, akiwafundisha vijana wa chuo cha hapo kupiga mpira kwa mguu hadi uzeeni kabisa. Ushindi wake wa futiboli, 314, ulikuja kupitwa na Bear Bryant mwaka 1981. Stagg alifariki Stockton 17 Machi 1965, akiwa na miaka 102. Wanawe wawili, Amos na Paul, wote walikuwa makocha.