Nina Mae McKinney: Sauti Iliyokosa Jukwaa

Wahenga walinena kuwa chanda chema huvikwa pete. Hata hivyo, katika historia ya sanaa kuna vyanda vyema vilivyovikwa pete na kuvuliwa mara moja. Mfano ni Nina Mae McKinney, Mmarekani mweusi aliyeng'aa filamu zilipoanza kutoa sauti, na ambaye leo hutajwa kwa nadra.

McKinney alizaliwa mwaka 1912 mjini Lancaster, jimbo la South Carolina. Alilelewa huko na jamaa zake kabla ya kumfuata mamaye New York. Mwaka 1928 alikuwa miongoni mwa wachezaji wa Blackbirds, onyesho la nyimbo na ngoma lililovuma Broadway. Mwelekezi King Vidor alimwona humo, akamteua kuwa Chick, mhusika mkuu wa kike katika Hallelujah (1929).

Hallelujah ilikuwa miongoni mwa filamu za mwanzo za kampuni kubwa za Hollywood kuigizwa na weusi pekee. Ili MGM ikubali kuitengeneza, Vidor alilazimika kuuhatarisha mshahara wake mwenyewe. Picha nyingi zilipigwa Tennessee na Arkansas bila sauti, kisha sauti zikaoanishwa nazo studioni. Licha ya ugumu huo, McKinney aliimba, akacheza na kuigiza kwa wepesi uliowavutia wengi. MGM ikampa mkataba wa miaka 5.

Mkataba huo haukuzaa matunda. Hollywood iliwatengea weusi nafasi za watumishi na za kuchekesha, nazo kanuni za maadili za mwaka 1930 zilikataza kuonyesha mapenzi baina ya weusi na weupe. Binti aliyefaa kuwa kipenzi cha hadithi hakuandikiwa hadithi. Katika Safe in Hell (1931) alipata nafasi ndogo tu.

Alitafuta riziki Ulaya, akiimba katika kumbi za starehe. Nchini Uingereza aliigiza na Paul Robeson katika Sanders of the River (1935), akiwa Lilongo, mke wa Bosambo. Jomo Kenyatta, aliyekuwa akiishi London wakati huo, alionekana katika filamu hiyohiyo akiwa mwigizaji wa ziada. La kusikitisha ni kuwa filamu hiyo iliusifu utawala wa kikoloni barani Afrika. Baadaye Robeson mwenyewe aliikana.

Aliporejea Marekani, McKinney alipewa nafasi chache, ikiwemo ya Rozelia katika Pinky (1949). Alifariki New York tarehe 3 Mei 1967. Mwaka 1978 jina lake liliingizwa katika Black Filmmakers Hall of Fame, miaka 11 baada ya kuzikwa.

Maisha haya yanamfunza mwanafunzi wa fasihi na sanaa za maonyesho kuwa kipaji cha mwigizaji hakitoshi. Teknolojia ilimpa McKinney sauti; waliokuwa na kalamu na fedha ndio walioamua aseme nini, na anyamaze lini.